KILICHOTOLEWA KWA MUNGU NI CHA NANI?

Ndugu Wakristo, ukimtolea Mungu kitu, je, kitu hicho kinabaki kuwa chako? Kwa mdomo sote twajua jibu. Kwa matendo ni kazi nyingine. Leo twapenda kulipima swali hili kwa habari za kanisa moja la Uingereza.

Zamani za Malkia Victoria, aliyetawala tangu 1837 hata 1901, mabwana wengi wenye ardhi walijenga makanisa ndani ya mashamba yao, karibu na nyumba zao. Mojawapo ni kanisa la Mtakatifu Maria, mahali paitwapo Clumber, katika Nottinghamshire. Lilijengwa tangu 1886 hata 1889 kwa fedha za Dyuki wa saba wa Newcastle, kijana aliyekuwa hajafikia miaka 25 kazi ilipoanza. Aliyechora ramani ni G. F. Bodley, fundi aliyependa mtindo wa karne ya 14. Humo mna kuta za mawe meupe na mekundu, matao marefu, na vioo vya rangi vya C. E. Kempe. Mnara wake wenye ncha wapata mita 55 kwenda juu. Watu hulilinganisha na kanisa kuu la Askofu, nalo lilikuwa kanisa la shamba la mtu mmoja.

Tusimcheke Dyuki. Alikuwa mtu wa ibada, tena alimtolea Mungu kilicho bora, si makombo. Lakini fedha zile zilitoka wapi? Bwana mwenye ardhi huishi kwa kodi za wakulima na wapangaji wake. Na mawe hayakujichonga yenyewe. Jina lililotajwa ni moja, ila mikono iliyotoa ni mingi.

Nyumba kubwa ya Dyuki ilibomolewa mwaka 1938. Kanisa likabaki peke yake karibu na ziwa. Mwaka 1946 shamba lilichukuliwa na National Trust, shirika la kutunza urithi wa nchi, na sasa wageni wa kila namna huingia kanisani humo. Tusiseme upesi kwamba Mungu aliadhibu. Nyumba nyingi za jinsi ile zilibomolewa miaka hiyo kwa kuwa gharama ziliwashinda wenyewe. Tuseme hili tu: mlango uliokuwa wa shamba la mtu leo ni wa watu wote, na kanisa halikupungukiwa kitu.

Sasa tujitazame wenyewe. Tulipostaafu ualimu tulitoa benchi kanisani kwa kumkumbuka marehemu mama yetu, likawekwa kibao chenye jina lake. Jumapili moja tulichelewa, tukamkuta mama mmoja mgeni amekaa hapo na watoto watatu, mmoja akila muhogo. Tulisimama tukimkazia macho mpaka akainuka, akaenda kukaa nyuma karibu na mlango. Tukakaa. Mahubiri ya siku ile hatukumbuki hata neno moja.

Wengine watasema mtoaji anastahili heshima. Kweli, na ashukuriwe. Lakini shukrani ni jambo moja, na umiliki ni jambo lingine. Anayetoa kisha akaendelea kushika, huyo hajatoa bado; ameweka akiba kanisani. Tena hata benchi letu si letu tupu: lina jasho la fundi seremala, na pensheni tuliyolinunulia ilitokana na kufundisha watoto wa watu.

Tulimtafuta mama yule Jumapili mbili, hatukumwona. Ya tatu alikuja, tukampisha na wanawe. Hakuna aliyesema neno. Kibao kipo palepale, na mtoto mdogo hukichezea kwa kidole wakati wa Litania.

Basi, wapendwa, kila mmoja na atazame: ni kitu gani alichomtolea Mungu, naye angali amekishika?