Mtu Aliye Peke Yake Katika Saa

Mwaka 1901 H. G. Wells, mwandishi wa Uingereza, alitoa hadithi fupi iitwayo The New Accelerator. Ndani yake Profesa Gibberne atengeneza dawa ambayo aliyeinywa, mwili na fikira zake huenda mbio mara maelfu, hata dunia yote huonekana kwake kana kwamba imesimama. Yeye na rafiki yake wainywa, watoka kutembea mjini Folkestone. Mwendesha baisikeli hasogei. Wasikilizao muziki wamekuwa kama sanamu. Nao wawili wawatazama usoni. Kisha Gibberne amnyakua mbwa wa bibi jirani, ambaye kubweka kwake kumemchosha, akimbia naye.

Mtasema, ni mbwa tu. Lakini nauliza, yule bibi angemzuiaje? Mwizi wa usiku huchelea kwamba mwenye nyumba ataamka. Huyu hakuchelea neno, maana hapakuwa na wa kuamka. Kukatazana kwataka saa moja tuliyo nayo pamoja: mimi nikinyosha mkono, wewe upate kusema, "Acha!" Mwenye dawa ile amemnyang'anya mwenziwe nafasi hiyo, hata kabla hajagusa mali yake.

Gibberne alimwacha mbwa kwa sababu nguo zilianza kuungua kwa msuguano wa hewa, wala si kwa kumhurumia bibi. Baadaye wakata shauri kuiuza dawa. Wakiitumia watu vibaya, wasema, hayo si kazi yao. Nao waliyanena hayo walipokwisha kurudi katika saa yetu, wakiwa na nafasi tele ya kufikiri.