Imani Iliyoamriwa na Mfalme

Siku moja, nikifundisha hapa Kwapa, mwanafunzi aliniuliza swali ambalo halijanitoka moyoni. Tulikuwa tukisoma habari za Semei Kakungulu, yule jemadari wa Kiganda aliyeingia Bukedi mwishoni mwa karne ya 19 akiwa Mprotestanti, akifuatana na walimu wa dini. Mwaka 1919 Kakungulu huyo huyo alijitangaza kuwa Myahudi. Kijana akasema, "Mwalimu, kama angaligeuka mapema, sisi leo tungalikuwa nani?" Darasa zima likacheka. Mimi sikucheka, maana babu yangu alibatizwa ili apate ukarani, na jina lake la ubatizo nimelirithi pamoja na shamba.

Je, imani iliyoingia kwa amri ya mkubwa, au kwa tamaa ya cheo, yastahili kuitwa imani?

Mfano unaotajwa sana ni wa Waarmenia. Mfalme wao Tiridates wa Tatu alimtupa shimoni mhubiri Gregory, akakaa humo miaka 13, kama masimulizi yasemavyo. Mfalme akaugua, Gregory akatolewa, mfalme akapona na kubatizwa. Taifa zima likafuata, na mahekalu ya kale yakabomolewa. Mapokeo huutaja mwaka 301, ingawa wataalamu wengi hupendelea 314. Katika karne hiyo hiyo, upande wetu wa dunia, mfalme Ezana wa Aksum aliongoka kwa mafundisho ya Frumentius. Alama ya mwezi ikaondoka katika sarafu zake, ukaja msalaba. Mkulima aliyezipokea sarafu hizo sokoni hakuulizwa neno.

Lakini, mwalimu mwenzangu, tazama yaliyofuata. Kwa muda wa karibu karne moja Waarmenia walisomewa Maandiko kwa Kiyunani na Kisiria, lugha ambazo wengi wao hawakuzielewa. Yapata mwaka 405 Mesrop Mashtots akabuni herufi 36 za Kiarmenia, na Biblia ikatafsiriwa. Mwaka 449 mfalme wa Uajemi aliwaamuru warudie ibada ya moto. Safari hii hawakutii. Walishindwa vitani huko Avarayr, na dini yao hawakuiacha. Wajukuu wa wale walioipokea kwa amri waliikataa amri kwa ajili yake. Sisi tunaofundisha lugha tusilipite jambo hilo haraka: kati ya utii ule na ukaidi huu palikuwa na alfabeti.

Huko Buganda mambo yalianza kinyume. Waongofu wa kwanza waliitwa "abasomi", yaani wasomaji, kwani kusoma na kusali vilikuwa neno moja. Mwaka 1886 wengi wao walichomwa moto Namugongo kwa kumkaidi Kabaka Mwanga. Hata hivyo, baada ya vita vya Mengo vya mwaka 1892, uchifu uligawanywa kwa kufuata dini, na waliotaka ukubwa wakajua pa kupiga magoti. Ukristo uliofika kwetu ulibeba yote mawili, damu ya Namugongo na hesabu za Mengo. Tena ulikuja kwa Kiganda, ambacho tayari kilikuwa na Biblia nzima tangu mwaka 1896. Wateso na Wapadhola walifundishwa sala kwa lugha ya mgeni aliyewatawala. Ilichukua miaka mingi kabla ya majina Edeke na Were kusikika kanisani.

Nilimjibu kijana kwa kumkumbusha Abayudaya, wafuasi wa Kakungulu walio karibu na Mbale hata leo. Wao pia waliingia dini kwa kumfuata mkubwa. Kakungulu alifariki mwaka 1928. Idi Amin akaipiga marufuku ibada yao katika miaka ya 1970. Wengi waliiacha, wachache wakaendelea kusali kwa siri. Hao wachache hawakuwa na mfalme wa kumpendeza.

"Na babu yako je, Mwalimu?" akauliza.

Nikamwambia kwamba babu aliacha ukarani angali na nguvu, lakini kanisani aliendelea kwenda kwa miguu, na sala zake za usiku alizisema kwa Kiteso, peke yake, taa ikiwa imezimwa. Kijana hakuridhika. Alisema huenda mzee alizoea tu. Sijapata jibu la kumpa.