Tafakuri ya leo: Faida juu ya maradhi



Dk. Azad Moopen alikuwa mwalimu wa udaktari kwao Kerala, India. Mwaka 1987 akafungua kliniki moja Dubai, ugenini. Kliniki ile ikakua hadi kuwa Aster, yenye hospitali na maduka ya dawa huko Ghuba na India.

Sasa jiulize: ni sawa mtu kutajirika kwa maradhi ya wenzake?

Usikimbilie kulaumu. Mtume (S.A.W.) alifanyiwa hijama na Abu Taiba, akaamrisha alipwe. Kwa hiyo ujira wa tabibu ni halali. Lakini hakuishia hapo. Abu Taiba alikuwa mtumwa, na Mtume akawaambia mabwana zake wampunguzie fungu alilowalipa. Alitoa haki, kisha akaongeza huruma.

Basi tusiulize tu, "Amepata kiasi gani?" Tuulize: asiye na pesa akifika mlangoni, anapokelewaje? Moopen mwenyewe ameahidi asilimia 20 ya mali yake kwa kazi za hisani.

Na wewe mwenye duka, genge au bodaboda? Leo kabla ya futari, mtafute mmoja unayemdai na hana, umpunguzie.

Allah atutakabalie swaumu zetu. Aamin.