Siri ya Mtungi na Kata Yake

Wahenga walinena kwamba siri ya mtungi aijuaye kata. Methali hii haiishi vinywani mwa watu wa pwani, lakini huenda hakuna mahali inapoeleweka vyema kama Ikombe, kijiji cha Wakisi kilichobanwa baina ya Milima ya Livingstone na maji ya Ziwa Nyasa, wilayani Kyela. Huko wanawake hufinyanga vyungu kwa mikono, huvichoma kwa moto wa wazi, kisha huvipakia mitumbwini kuvipeleka sokoni Matema. Mnunuzi hukigonga chungu kwa kifundo cha kidole, akasikiliza. Chenye ufa hujisema chenyewe. Na kama kitavuja baada ya kufika nyumbani, anajua arudi kwa mama yupi.

Ziwa hilo limewahi kuona vita vya kujuana namna hiyo. Mnamo Agosti 1914 nahodha Rhoades wa meli ya Kiingereza Gwendolen aliishambulia meli ya Kijerumani Hermann von Wissmann, iliyokuwa imepandishwa nchi kavu kwa matengenezo huko Sphinxhafen, Liuli ya leo. Nahodha wake, Berndt, rafiki wa Rhoades, hakuwa na habari kwamba vita vimeanza. Alikwenda kwa mashua hadi kwenye Gwendolen, amejaa ghadhabu, akatiwa mbaroni. Kisa hiki huchekesha hadi leo. Lakini ndani ya kicheko mna jambo zito: aliyepiga alimjua aliyepigwa, na ilimbidi amtazame machoni siku ile ile.

Ndege ya kivita isiyo na rubani imelifuta jambo hilo. Filamu ya hali halisi iitwayo National Bird, iliyoongozwa na Sonia Kennebeck na kutoka mwaka 2016, inawafuata Wamarekani watatu waliozitumikia ndege hizo kisha wakaamua kusema: Heather Linebaugh, Lisa Ling na Daniel Hale. Filamu ina kasoro yake, kwani hukaa zaidi na majonzi ya waliotazama kuliko ya waliotazamwa. Lakini inapofika Afghanistan, kwa manusura wa msafara ulioshambuliwa Februari 2010 mkoani Uruzgan, wasafiri wakidhaniwa wapiganaji, hapo ndipo inapopata uzito. Huwezi kumsikiliza mama aliyepoteza wanawe ukaendelea kuita mambo haya ufundi.

Hale alikuwa mtu wa kusaka mawimbi. Kazi yake ilikuwa kujua simu iko wapi. Nani aliyeishika, hilo lilikuwa jambo jingine. Nyaraka alizozitoa zilichapishwa Oktoba 2015. Zilionyesha kwamba katika operesheni moja kaskazini-mashariki mwa Afghanistan, baina ya Januari 2012 na Februari 2013, waliuawa watu zaidi ya 200, na 35 tu miongoni mwao ndio waliokusudiwa. Wengine waliandikwa maadui hadi ithibitike vingine. Na maiti atajithibitishaje? Julai 2021 Hale alihukumiwa kifungo cha miezi 45 kwa sheria ya ujasusi ya mwaka 1917.

Wapo wanaosema alistahili, na hoja yao si ya kupuuzwa. Kiapo ni amana. Aliapa kwa hiari, akala mshahara, akafunguliwa milango ambayo wengine hawakufunguliwa. Iwapo kila askari atajipimia mwenyewe lipi la kuficha na lipi la kutoa, hakuna jeshi litakalosimama, hata lile lenye haki. Anayelea watoto kwa kuwafundisha kutunza siri ya nyumba anaielewa hoja hii bila kufafanuliwa.

Hata hivyo amana ina mwenyewe, na swali ni nani mwenye siri ya kifo. Tuitazame Somalia, jirani yetu wa bahari moja. Aprili 1, 2018, karibu na El Buur, shambulio la Marekani liliwaua mama na mtoto. Aprili 2019, baada ya mwaka mzima, ndipo kamandi ya Marekani ya Afrika ilipokiri. Jamaa wa marehemu walilijua siku ile ile. Waliookota miili hawakuhitaji kufichuliwa kitu. Basi habari hiyo ilikuwa siri kwa nani, ila kwa walipakodi waliozinunua ndege? Mtungi ni wao, na wao ndio waliozuiwa kuchungulia ndani.

Ama kuhusu usafi wa Hale mwenyewe, yeye hakudai kuwa nao. Katika barua yake kwa hakimu alijihesabu miongoni mwa watendaji, akaeleza habari ya mtoto wa kike wa miaka mitano aliyekufa kwa vipande vya kombora lililomlenga mtu mwingine. Wanaomwambia kwamba naye mikono yake ina damu hawamwambii jipya. Kata isiyoingia mtungini haina la kusema juu ya mtungi.

Huko Ikombe mwenye chungu kinachovuja atavuka maji na kumtafuta mfinyanzi kwa jina. Jamaa wa yule mama wa El Buur wavuke maji yapi, na wakifika ng'ambo wagonge mlango wa nani?