Tafakuri ya Ramadhani, Siku ya 12: Wajinga Ndio Waliwao?



Ndugu zangu waumini, Allah azipokee swaumu zetu.

Kuna methali tunaitumia sana bila kuipima: wajinga ndio waliwao. Mzee kapigiwa simu, kaambiwa pesa imeingia kwake kimakosa airudishe, naye karudisha akiba yake yote. Tunasema, "Kaingizwa mjini." Binti katoka kijijini kuja kufanya kazi za ndani, haya inamzuia kuulizia mshahara, mwaka unaisha kwa ahadi. Tunacheka, "Mshamba huyo." Anayelaumiwa ni aliyeliwa. Aliyekula tunamwita mjanja.

Leo tujiulize: mbele ya Mwenyezi Mungu, hesabu iko hivyo?

*1. Kutoujua uovu si aibu*

Fungua Surat An-Nur, aya ya 23. Allah anatuambia kwamba wanaowasingizia wanawake waumini waliojihifadhi wamelaaniwa duniani na Akhera. Katika sifa za wanawake hao limo neno moja la kusimama nalo: _ghaafilaat_, walioghafilika. Kwa kawaida kughafilika ni lawama. Katika Surat Al-A'raf, aya ya 179, wameitwa hivyo watu wa motoni, kwa kuwa wamemsahau Mola wao. Lakini hapa ni sifa njema. Ni mwanamke ambaye uchafu huo haujampitia hata moyoni.

Sura hii ndiyo yenye aya zilizomtakasa Bi. Aisha (r.a.). Watu wa Madina walizungumza karibu mwezi mzima, na mwenyewe yuko ndani anaumwa, hana habari. Barira, aliyekuwa akimtumikia, alipoulizwa, alisema hajaona kwake kasoro yoyote, ila ni msichana mdogo, hupitiwa na usingizi akauacha unga uliokandwa, mnyama wa nyumbani akaja akaula. Basi! Hiyo ndiyo "kasoro" iliyopatikana. Wajanja walikuwa wale waliousambaza uongo, na Qur'ani imewataja kwa adhabu.

*2. Dhambi ni ya anayeutumia ugeni wa mwenzake*

Zama za Mtume (s.a.w.), misafara ikileta bidhaa, wapo waliotoka nje ya mji kuiwahi njiani, wanunue kabla wenye mali hawajaijua bei ya soko. Mtume (s.a.w.) akakataza. Na katika riwaya ya Imam Muslim, mwenye mali akifika sokoni ana hiari ya kuyavunja mauzo yale. Hakuambiwa, "Mbona hukuuliza bei kwanza?" Katazo lilimwendea aliyemwahi.

Sasa tazama dalali anayemfuata mkulima shambani na kumwambia, "Bei imeanguka mzee, uza leo," na yeye anajua haijaanguka. Jioni anafuturu kwa faida hiyo. Amefunga tumbo, mkono hakuufunga.

*3. Asiyejua hulindwa, hachekwi*

Sahaba mmoja, Habban bin Munqidh (r.a.), alikuwa akipunjwa kila akinunua. Katika riwaya moja, jamaa zake walimwendea Mtume (s.a.w.) azuiwe kufanya biashara. Mwenyewe akasema hawezi kuiacha. Mtume (s.a.w.) hakumdhalilisha. Alimfundisha neno la kumwambia muuzaji kabla ya kukubaliana: kwamba kusiwe na hadaa. Neno moja tu, lakini likawa ngao yake, na muuzaji akajua kwamba amewekwa mbele ya Allah.

Ndugu yangu, sisi tunapomcheka aliyetapeliwa, tunafanya nini? Tunamfunga mdomo. Mara nyingine ataficha, hatamwambia hata mwanawe. Na kwa kuwa hakusema, jirani yake naye atapigiwa simu ileile. Kicheko chetu kinamsaidia tapeli.

*4. Lakini tusibaki hapohapo*

Mtume (s.a.w.) ametufundisha pia kwamba muumini haumwi mara mbili kutoka shimo moja. Mara ya kwanza ni ugeni, na ugeni una udhuru. Baada ya hapo jifunze. Usiyoyajua waulize wanaojua, kama Qur'ani inavyotuamrisha. Moyo ubaki safi, macho yafunguke. Wengine wakishaumwa wanaamua, "Basi, na mimi nitakuwa mjanja," wanaanza kuwauma wenzao. Huko si kuerevuka, huko ni kuharibika.

*Kazi yetu ya leo*

✅ Kabla ya futari, kaa na mzazi wako au mzee wa jirani. Mweleze kwa upole: anayeomba namba yako ya siri ni mwizi, na pesa ikisemwa imeingia kimakosa, angalia salio kwanza, usirudishe mwenyewe, wapigie mtandao wako.

✅ Kama una msaidizi nyumbani, taja mshahara wake kwa kiwango na tarehe, hata kama hajauliza. Kama una deni lake, lilipe kabla ya Idi.

✅ Kama kuna mtu ulimuuzia au ulinunua kwake ukijua hajui, mrudie. Haki ya mtu haifutwi kwa swaumu peke yake.

Ewe Mola wetu, tupe nyoyo zisizojua hila na akili zisizohadaika. Tusiwe sababu ya kulia kwa mtu aliyetuamini. Aamiin.

Tukutane tarawehe inshaAllah. Mfikishie na mwenzako ujumbe huu.