Gari la Nyayo: Funzo kwa Ndoto ya Umeme

Mwaka 1986 Rais Daniel arap Moi aliwaagiza wahandisi wa Chuo Kikuu cha Nairobi watengeneze gari la Kenya. Hakudai liwe zuri wala liwe na mbio. Alichotaka ni gari lililotoka mikononi mwa Wakenya wenyewe, hata likiwa na sura mbaya. Agizo hilo lilitolewa katika nchi iliyokuwa tayari na viwanda vitatu vya kuunganisha magari, kimoja Thika, kimoja Nairobi na kimoja Mombasa, vyote vikiwa matunda ya miaka ya 1970. Lakini kuunganisha ni kazi moja na kutengeneza ni nyingine. Viwanda vile vilipokea makasha ya vipande kutoka ng'ambo, vikavifunga, vikavipaka rangi, na gari likatoka mlangoni. Mchoro ulikuwa wa wengine, injini ya wengine, na faida nono ikarudi kwa wenye mchoro. Moi alikuwa ameona jambo la kweli. Nalisema hili mapema kwa sababu habari za gari hilo, lililoitwa gari la Nyayo, husimuliwa kwa kicheko, na kicheko hicho kimetunyima funzo kwa zaidi ya miaka thelathini.

Wahandisi walifanya kazi yao. Chuo kikuu hakikuwa na kiwanda, kwa hiyo kazi ikagawanywa kwa wenye mashine: karakana za Shirika la Reli, vyuo vya ufundi na taasisi nyingine za umma. Anayedhani hilo lilikuwa jambo dogo hajawahi kusimama kando ya tanuri. Bloku ya injini humiminwa katika kalibu ya mchanga, na chuma kikipoa vibaya hubaki na vitundu ndani ambavyo jicho halivioni mpaka maji yaanze kuchanganyika na oili. Silinda huchongwa kwa usahihi wa sehemu ndogo sana ya milimita. Ikilegea injini hula oili, ikibana pistoni hukwama. Mafundi waliozoea chuma kizito cha garimoshi walijifunza kazi nyembamba ya gari dogo. Magari matano ya mfano yakatengenezwa, yakapewa jina la Pioneer, na yakafikia mwendo wa kilomita 120 kwa saa. Kwa watu waliokuwa wakianza kutoka kwenye karatasi tupu, ule ulikuwa ushindi wa kitaaluma, na waliohusika walistahili heshima kubwa kuliko waliyoipata.

Mwaka 1990 gari likazinduliwa kwenye uwanja wa michezo wa Kasarani. Shirika la Nyayo Motor likaundwa ili liyatengeneze kwa wingi. Baada ya hapo, kimya. Hakuna mwananchi hata mmoja aliyewahi kwenda kwa muuzaji, akalipa na kuondoka na gari la Nyayo, kwa kuwa uzalishaji haukuanza kamwe.

Sababu inayotajwa ni fedha, na ni kweli fedha zilikauka. Novemba 1991 wafadhili waliokutana Paris walisimamisha misaada kwa Kenya wakidai mageuzi ya siasa na uchumi. Ukaja uchaguzi wa 1992, bei zikapanda, na mwaka 1993 shilingi ikaporomoka. Mashine za kuchonga giaboksi na vyombo vya kukandamiza mabati ya bodi hununuliwa kwa fedha za kigeni, na fedha za kigeni hazikuwepo. Shirika lilibadilishwa jina likawa Numerical Machining Complex, likageukia kutengenezea viwanda vingine vipuri vya chuma.

Hata hivyo, mimi siamini kuwa ukata ndio uliolimaliza gari lile. Hazina ingekuwa na fedha, gari lingekufa vilevile, ila lingechukua muda mrefu zaidi na gharama kubwa zaidi. Lilizaliwa bila mambo mawili ambayo hayatengenezwi karakanani: mnunuzi aliyejifunga kulinunua, na jamii ya viwanda vidogo vya kulilisha vipuri.

Tuanze na vipuri, maana hapa ndipo penye siri ya biashara hii. Gari moja lina maelfu ya vipande, na hakuna kampuni duniani inayovitengeneza vyote. Hata Toyota hununua sehemu kubwa ya gari lake kwa watu wengine: huyu anatengeneza taa, yule springi, mwingine viti, mwingine nyaya. Kila mmoja hutengeneza kipande kimoja kwa wingi mpaka bei ishuke. Kenya ya 1990 ilikuwa na mwanzo wa jamii hiyo. Matairi yalitengenezwa Nairobi, betri za asidi pia, na kulikuwa na mafundi wa springi, viti na rangi. Kazi ya busara ingekuwa kuwashika mkono hao kwanza, kuwapa viwango, mikopo na oda za miaka kadhaa, ili kila mwaka magari yaliyounganishwa Thika na Mombasa yabebe vipande vingi zaidi vya nyumbani. Badala yake juhudi zote zikawekwa kwenye gari zima, kana kwamba mti hukua kuanzia tundani. Matokeo tunayaona. Kiwanda cha matairi cha Nairobi nacho kilifungwa mwaka 2016 baada ya kulemewa na matairi ya bei nafuu kutoka nje.

Malaysia ilianza safari yake karibu wakati uleule. Proton ilianzishwa mwaka 1983, na gari lake la kwanza, Saga, likatoka mwaka 1985. Wamalaysia hawakuona aibu kuazima: Saga ilitokana na gari la Mitsubishi, injini ikiwa ya Kijapani. Fahari yao waliiweka kwenye soko. Magari ya kigeni yalitozwa ushuru mkubwa, la nyumbani likapewa nafuu, na watengenezaji wadogo wa vipuri wakalelewa kandokando ya kiwanda. Sisemi kwamba njia yao haikuwa na mawaa. Ulinzi ulirefushwa mno, ubora ukalalamikiwa, na mwaka 2017 kampuni ya Geely ya China ikanunua asilimia 49.9 ya Proton. Lakini katika miaka hiyo yote magari yaliuzwa, watu waliajiriwa, na leo Malaysia ina wahandisi na wenye viwanda wanaojua gari kutoka nati hadi dashibodi. Kenya ilijaribu jambo gumu zaidi, kuitengeneza injini yenyewe, huku ikiliacha jambo la lazima zaidi.

Na soko? Mwaka 1993, Kenya ilipolegeza masharti ya fedha za kigeni na ya uagizaji, milango ya bandari ya Mombasa ikafunguka kwa magari ya mitumba kutoka Japani na Dubai. Sitayalaumu magari hayo. Yamempa mwalimu na muuguzi gari ambalo wasingelipata kwa njia nyingine, na yamewalisha maelfu ya mafundi na wauza vipuri, Kirinyaga Road na Grogan kule Nairobi, Gerezani kule Dar es Salaam. Ila yameweka bei ambayo gari jipya haliwezi kuikaribia. Katika miaka ya karibuni magari mapya yanayouzwa Kenya yamekuwa kati ya 10,000 na 15,000 kwa mwaka, na mitumba ni mara kadhaa ya hapo. Kampuni ya Mobius, iliyobuni gari gumu la barabara mbovu za Afrika na kuliunganishia Kenya, ilipambana na hesabu hiyo kwa zaidi ya miaka kumi. Agosti 2024 ilitangaza kwamba inafunga kwa sababu ya madeni na kodi, kisha akapatikana wa kuinunua. Gari lake lilikwenda vizuri. Wanunuzi ndio walikuwa wachache.

Nayakumbusha haya sasa kwa sababu tumeanza sherehe upya. Februari 2016 Uganda ilizindua basi la Kayoola linalosaidiwa na nguvu za jua, katika uwanja wa Namboole, miaka michache tu baada ya wanafunzi na wahadhiri wa Makerere kutoa gari dogo la umeme la Kiira mwaka 2011. Januari 2024 Ethiopia ilitangaza marufuku ya kuingiza magari ya petroli na dizeli. Septemba 2023 Rais William Ruto alizindua mpango wa pikipiki za umeme mjini Mombasa. Viwanja vimejaa tena, na hotuba ni zilezile za heshima ya taifa.

Safari hii, hata hivyo, tuna karata nzuri kuliko ya mwaka 1986, na ingekuwa huzuni kuipoteza. Injini ya umeme ina vipande vichache mno vinavyozunguka ikilinganishwa na ya petroli: haina pistoni, haina vali, haina mfumo wa moshi. Bloku iliyowatoa jasho mafundi wa reli haimo tena katika hesabu. Umeme wenyewe ni wetu. Takriban asilimia 90 ya umeme wa Kenya hutokana na mvuke wa ardhini, maji, upepo na jua, na usiku, watu wakilala, sehemu ya mvuke wa Olkaria huachiliwa bure hewani kwa kukosa mtumiaji. Mwaka 2023 mamlaka ya nishati iliweka bei maalumu ya kuchaji vyombo vya umeme: shilingi 16 kwa yuniti, na shilingi 8 usiku wa manane, wakati mahitaji yamepungua. Petroli hununuliwa kwa dola. Mvuke ule tayari ni wa kwetu.

Karata kubwa zaidi ni kwamba mnunuzi yupo. Mwendesha bodaboda hahitaji kuambiwa habari za mabadiliko ya tabianchi. Kila asubuhi anapiga hesabu ya mafuta, ya mwenye pikipiki na ya nyumbani kwake, na akipata chombo kinachomwachia chochote zaidi jioni atakihamia bila hotuba. Ndiyo maana makampuni yaliyoanza na pikipiki na mabasi yamefika mbali kuliko yaliyoanza na gari la kifahari. Ampersand ilianza Kigali kwa kumbadilishia mwendeshaji betri tupu kwa iliyojaa, akaendelea na kazi ndani ya dakika chache. BasiGo ilileta mabasi yake ya kwanza Nairobi mwaka 2022 na kumpa mwenye matatu njia ya kulipa amana ndogo, kisha kulipia betri na chaji kwa kila kilomita anayokwenda, asibebe bei yote ya basi siku ya kwanza. Kampuni ya Kiira ya Uganda nayo iliacha gari dogo ikashika mabasi, ikaanza kuyatengeneza katika kiwanda cha jeshi cha Luwero Industries, Nakasongola, kwa teknolojia iliyopatikana kwa kushirikiana na Wachina. Huko ndiko kuazima kwa akili ambako Nyayo haikuwa nako.

Lakini makosa ya zamani yameanza kuchungulia. Mengi ya tunayoyaita magari ya umeme ya hapa ni makasha ya vipande kutoka China yanayofungwa kwa nati, kama yalivyofungwa ya Uingereza na Ufaransa nusu karne iliyopita. Mara nyingi betri ya kampuni moja haiingii kwenye pikipiki ya kampuni nyingine, kwa hiyo mwendeshaji aliyekopa pikipiki amefungwa kwa vituo vya kampuni hiyo pekee, na ikifilisika ameachiwa chuma mkononi. Kodi nayo haitulii. Sheria ya fedha ya mwaka 2023 ilitoa nafuu kwa vyombo vya umeme; mswada wa mwaka 2024 ukapendekeza kupunguza nafuu hizo, kabla haujaondolewa kwa maandamano ya Juni. Mwekezaji wa kiwanda cha betri hupanga kwa miaka kumi. Hawezi kuishi kwa kusubiri kila Juni kujua kama hesabu zake bado zipo. Na fundi wa jua kali, yule ambaye ndiye atakayeitwa gari likizima katikati ya barabara ya Kitui au Kakamega, hajafundishwa kuigusa betri ya volti mia kadhaa bila kufa. Mbio za sakafuni huishia ukingoni, na ukingo wenyewe tumeshawahi kuufikia.

Naiomba Serikali ya Kenya, na majirani zake wanaotembea njia hii, waanze kwa upande ambao Nyayo iliuruka. Kiwango kimoja cha betri za pikipiki kiandikwe na kiwe sheria kabla kila kampuni haijajenga ukuta wake. Kodi ya vyombo vya umeme na vipuri vyake itangazwe kwa miaka kumi na isiguswe. Vyuo vya ufundi vipewe mtaala na mitambo ya kufundishia betri, na fundi wa mtaani aruhusiwe kujiunga bila vyeti vya kidato. Juu ya yote, serikali inunue. Polisi, hospitali, shule za umma na kaunti hununua magari kila mwaka wa fedha. Oda ya kwanza kubwa ya mabasi na pikipiki za umeme itoke kwao, kwa zabuni ya wazi ya miaka mitano, yenye sharti kwamba viti, nyaya, bodi na makasha ya betri vitengenezwe hapa na kiasi chake kiongezeke kila mwaka. Uzinduzi wa uwanjani usubiri mpaka chombo cha elfu moja kiwe kimelipiwa na kiko kazini barabarani.