Baridi, Presha na Kiharusi
Msikilizaji wa Njombe, nawe uliyeko Makambako ukisubiri basi la Songea, baridi hubana mishipa na kupandisha presha, na presha ndiyo chanzo kikuu cha kiharusi. Presha haiumi, ndiyo maana wengi huacha dawa wakijisikia nafuu. Nakusihi, usiache, na chumvi mezani ipunguze.

Utafiti wa 2003 hadi 2006, wilayani Hai na Dar es Salaam, ulikikuta kiharusi kijijini na mjini. Mdomo wa mzee ukipinda ghafla, mkono ukalegea, maneno yakakwama, hizo ni dalili za kiharusi; usitafute aliyemroga. Dawa ya kuyeyusha damu iliyoganda hutolewa ndani ya saa 4 na nusu tangu dalili zianze, tena baada ya picha ya ubongo. Mkimbize hospitali, umwambie daktari dalili zilianza saa ngapi.